Baba alipewa shamba kwa hisani, mwana akaenda kutunga sheria

Swali: Shikamoo Mwalimu. Naishi Lacey, jirani na Olympia, mji mkuu wa jimbo la Washington huku Marekani. Mzee mmoja ninayemhudumia kazini ameniambia kwamba hapa karibu, Tumwater, aliwahi kuishi mlowezi Mweusi aitwaye Bush, na kwamba mwanawe alikuwa mbunge tangu siku jimbo hili lilipozaliwa. Mimi nimekulia Nakuru. Kwetu mlowezi ni Mzungu aliyewaondoa watu kwenye ardhi yao, kwa hiyo habari hii imenikaa vibaya kichwani. Mtu Mweusi alipataje shamba miaka ile ya utumwa? Mwanawe alichaguliwaje na Wazungu, na bungeni alifanya nini? Na je, huyu ndiye aliyeanzisha mji wa Centralia, ule tunaoupita tukienda Portland?

Jibu: Marahaba, mwanangu. Mzee wako hakukudanganya. Nitaanza na mwana kwa sababu mwanasiasa ni yeye. Baba alikufa bila kupiga hata kura moja.

Mwana anaitwa William Owen Bush, na watu walizoea kumwita Owen. Alizaliwa tarehe 4 Julai 1832 katika wilaya ya Clay, jimbo la Missouri. Mwaka 1889 Washington ilipopanda daraja kutoka eneo lililo chini ya serikali kuu na kuwa jimbo la 42 la Marekani, baraza la wawakilishi la bunge lake la kwanza lilikuwa na wajumbe 70. Owen, mkulima wa miaka 57 wa chama cha Republican, alikuwa mmoja wao, akiwakilisha wilaya ya Thurston, hiyohiyo unayoishi. Ndiye mtu wa kwanza mwenye asili ya Afrika kuketi katika bunge la jimbo hilo. Lakini ukimwangalia Owen peke yake hutaelewa kitu. Kura alizopata mwaka 1889 zilianza kupandwa zaidi ya miaka 40 kabla, na baba yake, kwenye udongo ambao sheria ilimkatalia asiumiliki.

Baba aliitwa George Bush. Wengi huongeza Washington katikati ya jina. Kabla hujauliza: hana udugu wowote na wale marais wawili. Alizaliwa Pennsylvania, baba yake akiwa mtu mwenye asili ya Afrika na mama yake Mwairishi, na yeye mwenyewe alikuwa mtu huru. Ujanani alifanya kazi katika biashara ya ngozi za wanyama, na biashara hiyo ilimfikisha mbali magharibi miaka mingi kabla misafara ya wahamiaji haijaanza. Baadaye akatulia Missouri, akalima, akafuga, akamwoa Isabella James, mwanamke Mzungu mwenye asili ya Ujerumani, mwaka 1831. Mali haikumpungukia. Kilichopungua kilikuwa nafasi ya kupumua, maana Missouri lilikuwa jimbo la watumwa, na Mweusi huru alionekana kama kosa lililosahaulika kusahihishwa. Alitakiwa kuwa na kibali cha kuishi palepale anapoishi.

Mwaka 1844 akaamua kuhama. Alifunga safari na rafiki yake Michael T. Simmons na familia nyingine chache, wote hao Wazungu, kuelekea Oregon, safari ya kilomita zaidi ya 3,000 kwa magari ya kukokotwa na maksai. Isabella alikuwa na wana watano, na Owen ndiye mkubwa wao. Alitimiza miaka 12 wakiwa njiani. Bush alikuwa na vitu viwili ambavyo wenzake hawakuwa navyo: fedha na ujuzi wa nchi za magharibi. Baadhi ya familia zile zisingeweza hata kuondoka Missouri bila msaada wake wa kununua magari na chakula. Simulizi za familia zinasema alificha sarafu za fedha chini ya sakafu ya gari lake, na mimi sioni sababu ya kuzikataa, kwa sababu mtu wa hali yake angeiweka wapi fedha? Benki isingekuwa rafiki yake.

Kuna kijana mmoja msafiri, John Minto, aliyeandika baadaye alivyozungumza na Bush njiani. Bush alimwambia kuwa anaangalia jinsi watu wa rangi wanavyotendewa huko Oregon, na kwamba akikosa haki za mtu huru atakwenda kujiweka chini ya ulinzi wa serikali ya Mexico, ama California ama New Mexico. Usiyasome hayo kama maneno ya hasira tu. California wakati ule bado ilikuwa ya Mexico, na Mexico ilikuwa imeshafuta utumwa mwaka 1829. Mtu huyu alikuwa anapima dola mbili kama mkulima anavyopima mashamba mawili kabla ya kununua.

Hofu yake haikuwa ya bure. Wakiwa bado barabarani, mwezi Juni 1844, serikali ya muda ya walowezi wa Oregon ilipitisha sheria ya kupiga marufuku utumwa na kuwafukuza Weusi kwa pamoja. Mwanamume Mweusi alipewa miaka miwili awe ameondoka, mwanamke mitatu. Asipoondoka, achapwe viboko visivyopungua 20 wala kuzidi 39, na kila baada ya miezi sita arudiwe mpaka aondoke. Aliyeisimamia sheria hiyo ni Peter Burnett, ambaye miaka mitano baadaye alikuwa gavana wa kwanza wa California kama jimbo. Desemba mwaka huohuo viboko viliondolewa na kuwekwa kazi ya lazima, na mwaka 1845 sheria nzima ikafutwa kabla haijamgusa mtu. Lakini nani angeyajua hayo mapema? Msafara ulipofika karibu na mto Columbia kuelekea majira ya baridi, habari iliyowafikia ni kwamba mwenzao mmoja, tena aliyewasaidia kufika, hatakiwi.

Hapo ndipo Simmons na wenzake walipofanya jambo ambalo mimi naliona kubwa kuliko yote yaliyotokea njiani. Mpango wao wa awali ulikuwa kushuka kusini kwenye mabonde yenye rutuba ya Oregon, kama wafanyavyo watu wote. Wakaugeuza. Mwaka 1845 walivuka Columbia kwenda kaskazini, upande ambao Marekani na Uingereza zilikuwa zikiugombea, na ambako mwenye sauti alikuwa Kampuni ya Hudson's Bay ya Waingereza. Sheria ya Oregon haikuwa na mkono huko. Waingereza hawakupenda Wamarekani waende kaskazini ya mto, lakini hawakuwaacha wafe njaa. Ngome ya kampuni ya Nisqually iliwapa ngano, njegere, viazi na ng'ombe kwa mkopo, nao wakalipa kwa kuchonga vigae vya mbao vya kuezekea nyumba.

Simmons alikaa kwenye maporomoko ya mto Deschutes, mahali walipopaita New Market, ambapo wewe unapajua kama Tumwater. Bush aliingia ndani kidogo kusini yake, kwenye uwanda wa nyasi ambao hadi leo unaitwa Bush Prairie. Uwanja wa ndege wa Olympia uko kwenye uwanda huohuo. Wakajenga kinu cha kusaga nafaka, kisha kiwanda cha kupasua mbao. Mwaka wa kwanza ulikuwa mgumu, na waliowafundisha kula kilichopo walikuwa wenyeji, Wanisqually: chaza na kome wakati maji yamekupwa, samoni, mizizi ya porini. Kina Bush walijifunza lugha yao. Maradhi ya wageni yalipowaangukia wenyeji, surua hasa, familia hii iliwauguza. Sasa shika hilo la lugha, nitalirudia.

Halafu ikaja dhihaka ya historia. Mwaka 1846 Marekani na Uingereza zikakubaliana kwamba mpaka upite kwenye latitudo ya 49, na Puget Sound yote, ile ghuba ya bahari inayofika hadi Olympia, ikawa ya Marekani. Utawala alioukimbia Bush ukamfuata hadi mlangoni. Mwaka 1850 Kongresi, yaani bunge la taifa la Marekani, ikatunga sheria ya kugawa ardhi ya Oregon bure: ekari 320 kwa mwanamume asiyeoa na ekari 640 kwa mume na mke, mradi mwanamume awe Mzungu au chotara wa Kizungu na Kihindi-Mwekundu. Bush hakuwa hata kimoja. Alikuwa ameshalima pale miaka mitano, ana nyumba, ghala, miti ya matunda, watoto wamekua, na kwa mujibu wa karatasi hakuwa na kitu. Mgeni yeyote Mzungu aliyeshuka jana melini angeweza kuja kupima shamba lake na kuliandikisha.

Hakuna aliyethubutu, na sababu kubwa ni chakula. Mwaka 1852 wahamiaji waliingia kwa wingi kuliko nafaka iliyokuwapo, na bei ikapaa. Walanguzi walimfuata Bush wakitaka kununua mavuno yake yote kwa bei ambayo ingemtajirisha kwa siku moja. Akakataa. Alisema nafaka ile ni ya majirani walioharibikiwa na wageni wasio na kitu, na akawagawia, mwenye fedha akalipa, asiye nayo akaondoka na mbegu ya kupanda na deni la kulipa siku atakayoweza. Kuna familia za Thurston zilizokula mkate wa Bush majira yale na kuwasimulia wajukuu.

Kwa hiyo Eneo la Washington lilipotengwa na Oregon mwaka 1853 na kuunda bunge lake la kwanza mwaka uliofuata, wajumbe, ambao wengi waliwahi kulala nyumbani kwake au kula nafaka yake, waliandika ombi kwa Kongresi: Bush aachiwe shamba lake. Simmons alilipigania. Mwaka 1855 Kongresi ikapitisha sheria maalumu kwa ajili ya mtu huyu mmoja, na yeye na Isabella wakathibitishiwa ekari 640.

Watu wengi husimulia hadi hapo, wanapiga makofi, wanafunga kitabu. Mimi nakuomba uitazame sheria ile vizuri. Haikusema kuwa ubaguzi wa 1850 ni makosa. Haikumfungulia mlango Mweusi mwingine yeyote. Ilisema tu kwamba George Bush, kwa kuwa ni mtu mwema na majirani wamemwombea, asihesabiwe. Hiyo ni hisani. Nao majirani walewale hawakumpa kura: sheria ya uchaguzi ya Washington iliweka kura kwa Wazungu wanaume, ikaacha nafasi kwa chotara wa Kihindi aliyestaarabika kwa macho yao, na Bush akabaki nje. Alikufa Aprili 1863, miezi mitatu baada ya Rais Lincoln kutangaza uhuru wa watumwa wa majimbo yaliyoasi, akiwa mwenye shamba kubwa asiye raia kamili.

Sasa swali lako la Nakuru. Umelikamata jambo lenyewe. Ndiyo, Bush alikuwa mlowezi kwa maana uijuayo: ekari zile 640 zilikuwa za Wanisqually. Zipimie kwa tukio la majuma machache kabla hajathibitishiwa. Tarehe 26 Desemba 1854, kwenye kijito cha Medicine Creek, gavana Isaac Stevens aliwasainisha wazee wa Nisqually, Puyallup, Squaxin na makundi mengine katika mkataba uliochukua ekari zaidi ya milioni mbili kwa ahadi ya dola 32,500, tena za kulipwa kidogokidogo kwa miaka 20. Kabila zima la Nisqually lilitengewa ekari 1,280 za juu mlimani, penye changarawe na msitu, mbali na mto waliokuwa wakiutegemea kwa samaki. Yaani watu wote wale walibakiziwa ardhi ya familia mbili za walowezi.

Na Owen alikuwapo. Alikuwa kijana wa miaka 22, anazungumza Kinisqually kwa kuwa amekua nacho. Baadaye uzeeni alieleza kwamba angeweza kutafsiri, lakini Stevens hakuonekana kutaka mtu wa kuwatafsiria kwa lugha yao. Mkataba ulisomwa kwa Kichinook cha biashara, lugha ya mkato ya maneno mia chache, inayotosha kununua samaki na blanketi. Owen alisema haikuwezekana kabisa kumweleza mtu mkataba ule kwa lugha ile. Ushahidi huu nauthamini sana, kwa sababu umetoka kwa mtu ambaye familia yake ilifaidika na mpango uleule.

Vita kati ya wenyeji na walowezi vikafuata mwaka 1855 hadi 1856. James McAllister, mmoja wa waliosafiri na kina Bush, aliuawa. Shamba la Bush halikuguswa. Leschi, kiongozi wa Nisqually, alikuwa rafiki wa nyumba ile, na wana wa Bush walimtetea kwa maneno hadi uzeeni. Leschi alinyongwa Februari 1858 kwa mauaji ya askari aliyekufa vitani, na mwaka 2004 mahakama ya kihistoria iliyoitishwa na jimbo ikatamka kwamba hakustahili kushtakiwa, maana kuua askari vitani si kosa la jinai. Kwa hiyo ukiniuliza tumweke Bush fungu gani, nitakuambia alinufaika na uporaji ambao hakuupanga, aliishi na walioporwa kama jirani, na hakuurudisha udongo. Hayo yote matatu ni kweli kwa pamoja, wala sioni haja ya kulifuta moja ili tumpende zaidi.

Turudi kwa Owen. Mwaka 1859 alimwoa Mandana, mwanamke mjane, na baadaye wakashika shamba la Bush Prairie. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vilikwisha, katiba ikarekebishwa, na marekebisho ya 15 ya mwaka 1870 yakakataza kumnyima raia kura kwa ajili ya rangi. Kile baba alichokosa maisha yake yote, Owen alikipata akiwa na miaka 37, bila kumwomba jirani.

Lakini kura ni kitu kimoja, kuchaguliwa ni kingine. Owen alijijengea jina kwa ngano. Alikuwa miongoni mwa walioanzisha chama cha maonyesho ya kilimo na viwanda cha Washington magharibi mwaka 1872, naye akawa kiongozi wake. Mwaka 1876 Marekani ilipoadhimisha miaka 100 kwa maonyesho makubwa Philadelphia, ngano ya Bush Prairie ilipelekwa huko na ikashinda tuzo. Fikiri maana yake kwa watu wa huku. Puget Sound ilijulikana kwa mvua na magogo. Mkulima wa mashariki hakuamini kwamba pwani ile yenye mawingu inaweza kukomaza punje nzito ya ngano. Kila mwenye ardhi ya kuuza, kila mfanyabiashara wa Olympia aliyetaka wahamiaji, alikuwa na deni kwa masuke ya Owen. Mwaka 1893 alipeleka tena mazao Chicago kwenye maonyesho ya dunia, akatuzwa tena.

Ongeza na chama. Mwaka 1889 Washington ilikuwa ya Republican karibu yote: gavana Elisha Ferry na sehemu kubwa sana ya bunge walikuwa wa chama hicho, ambacho wakati ule bado kilijiita chama cha Lincoln. Aliyeteuliwa na Republican Thurston alikuwa ameshafika nusu ya njia. Ukichanganya chama, ngano, na wazee waliokumbuka njaa ya 1852, unapata mbunge.

Kuna sababu ya nne ambayo si tamu, na wanaosherehekea hadithi hii huiruka. Weusi walikuwa wachache mno. Sensa ya 1890 iliwahesabu karibu 1,600 katika jimbo lenye watu zaidi ya 357,000. Hawakumtisha mtu. Chuki ya rangi ya pwani ile ilikuwa imewaelekea Wachina: Novemba 1885 umati wa Tacoma, kilomita kama 50 tu kutoka shamba la Owen, uliwatoa Wachina wote mjini, ukawatembeza kwenye mvua hadi kituo cha treni na kuchoma nyumba zao. Februari 1886 Seattle nayo ikajaribu hivyohivyo kwa meli. Katiba ileile ya 1889 iliyompa Owen kiti iliweka kifungu cha kuwazuia wageni wasiotangaza nia ya kuwa raia wasimiliki ardhi, na Wachina hawakuruhusiwa na sheria ya Marekani kuwa raia. Baba Bush angeutambua mtindo huo mara moja.

Bungeni, kazi inayobeba jina la Owen ni muswada wa kuanzisha chuo cha kilimo cha jimbo. Utaratibu wake ni huu. Tangu sheria ya Morrill ya 1862, serikali kuu iliyapa majimbo ardhi ya kuuza ili kugharamia vyuo vya kilimo na ufundi, ekari 30,000 kwa kila seneta na mbunge wa jimbo huko Kongresi. Washington, yenye maseneta wawili na mbunge mmoja, ilihesabiwa ekari 90,000. Tena tangu 1887, sheria ya Hatch ilitoa dola 15,000 kila mwaka kwa kituo cha utafiti wa kilimo cha kila jimbo. Yaani fedha zilikuwapo mezani, ila jimbo lisilo na chuo halina mkono wa kuzichukulia. Wanasheria na wenye benki walikuwa na hamu zaidi ya reli na kesi za fukwe. Mkulima ndiye aliyeona kwamba kila msimu unaopita bila chuo ni dola 15,000 zimepotea.

Sheria ikapita Machi 1890, na hapo ukaanza ugomvi wa mahali. Tume ya kwanza ilishindwa kukubaliana, mji wa Yakima ukivuta huku na miji ya mashariki ya jimbo ikivuta kule. Mwaka 1891 ikatungwa sheria nyingine na tume nyingine, ikachagua Pullman, mji mdogo kwenye vilima vya ngano karibu na mpaka wa Idaho, na Januari 1892 wanafunzi wakaanza masomo. Ndicho Chuo Kikuu cha Jimbo la Washington cha leo. Angalia ramani: Pullman iko upande wa pili kabisa wa jimbo kutoka Bush Prairie. Wapiga kura wa Owen hawakupata hata tofali. Kwa mwanasiasa wa kawaida hiyo ingekuwa hasara.

Bunge hilohilo la 1890 lilipitisha pia sheria ya kuwalinda raia wote, bila kujali rangi, katika hoteli, mikahawa, vyombo vya usafiri na kumbi za burudani. Ilikuwa na sababu ya haraka: mwaka 1883 Mahakama Kuu ya Marekani ilitupilia mbali sheria ya taifa ya 1875 iliyokuwa na kinga hiyo, na majimbo kadhaa ya kaskazini yakaanza kutunga zao. Kwa miaka mingi sheria ya Washington haikuwa na makali, na wenye hoteli waliikanyaga. Mwaka 1909 kosa hilo likaingizwa kwenye sheria za jinai. Lakini linganisha na ile ya 1855. Ile ilimtaja mtu mmoja kwa jina na ikaishia kwake. Hii haikumtaja mtu. Mpagazi wa treni aliyeshuka Spokane, mji wa mashariki ya jimbo, bila kumjua Bush yeyote, bila kuwahi kumpa mtu gunia la ngano, alikuwa na cha kushika mkononi kwenda nacho mahakamani. Mimi nikiulizwa tofauti ya baba na mwana ni ipi, naonyesha hapo.

Owen alikufa Februari 1907 na kuzikwa Tumwater pamoja na jamaa zake. Ukitaka kuona kitu kwa macho, nenda kwenye viwanja vya Bunge pale Olympia. Kuna mnara wa kumbukumbu wa familia uliozinduliwa mwaka 2021, na karibu nao mti wa jamii ya jozi uliooteshwa kutoka kwa ule mkubwa wa shambani, ambao kina Bush waliupanda kwa mbegu iliyotoka Missouri.

Mwisho, Centralia. Hapana, huyo ni mtu mwingine, na watu huwachanganya kila siku kwa sababu ya majina. Aliyeanzisha Centralia aliitwa George Washington, kwa majina hayo mawili tu. Alizaliwa Virginia mwaka 1817, baba yake mtumwa na mama yake Mzungu, akalelewa na mume na mke Wazungu, James na Anna Cochran. Alikuja Oregon nao mwaka 1850, kisha akavuka kaskazini na kuchagua uwanja mzuri kwenye mto Chehalis. Yeye hakuwa na bunge zima la kumwombea kama Bush. Kina Cochran waliandikisha ardhi ile kwa jina lao, wakaikalia muda uliotakiwa na sheria, halafu wakamuuzia. Reli ya Northern Pacific ilipopita hapo akapima viwanja na kuanzisha mji mwaka 1875, ukiitwa Centerville mwanzoni. Uchumi ulipoanguka mwaka 1893 alilisha watu wa mji wake na kuwapa wenye madeni muda wa kulipa. Aliishi hadi 1905. Ukipita tena kwenda Portland, bustani iliyo katikati ya mji ina jina lake, na ardhi yake aliitoa yeye.